Gigahezi si swali la kwanza

Ukitamka "jenereta" mbele za watu, wengi husikia mngurumo wa dizeli. Ninayoisema mimi haiwashi hata balbu. Ni kisanduku cha mezani kinachotoa mawimbi ya redio kwa kipimo: unakiambia masafa, nguvu na umbo la mawimbi, nacho kinatii. Bila hicho, hakuna namna ya kuhakikisha kwamba kipokezi cha mnara, simu au ruta kinasikia kama mtengenezaji anavyojigamba.

Soko la vifaa hivi limechangamka, na sababu iko wazi. Chaneli ya GSM (2G) ilikuwa na upana wa kilohezi 200. LTE (4G) ikaja na megahezi 20. 5G ilipoanza iliruhusu hadi 100 kwenye masafa ya chini, na 400 kwenye mawimbi ya milimita, yanayoanzia gigahezi 24.25. Wi-Fi 7 imefika 320. Kila hatua huviacha nyuma vifaa vilivyonunuliwa kwa fedha nyingi. Wauzaji wanalijua hilo, ndiyo maana vipeperushi vyao huanza na namba moja iliyokolezwa wino: gigahezi. Wanunuzi nao huikimbilia kama siafu walioona sukari.

Naona wanakosea.

Chukua kituo cha 5G cha eneo pana, chaneli ya megahezi 5. Viwango vya 3GPP, muungano unaoandika kanuni za kiufundi za mitandao ya simu, vinataka kipokezi chake kishike mawimbi dhaifu ya −101.7 dBm (desibeli zinazohesabiwa kutoka miliwati moja) na bado kipitishe angalau asilimia 95 ya data ya majaribio. Kisha kuna jaribio la bughudha: mawimbi unayoyataka yanaongezwa desibeli 6 tu, halafu nje ya bendi unaweka wimbi jingine lenye nguvu ya −15 dBm. Mgeni huyo ana nguvu zaidi ya mara milioni mia moja kuliko mwenyeji, na kipokezi kinatakiwa kisibabaike.

Niliwahi kupoteza siku mbili kwenye jaribio hilo. Kipokezi kilifeli kwenye masafa fulani, kikafaulu kwingine, kikafeli tena. Nilibadilisha kebo, nikakaza viunganishi kwa spana ya kipimo, nikailaumu programu (huwa tunailaumu kwanza). Mwisho nikaweka kichujio kwenye tundu la kutolea la jenereta yenyewe. Kufeli kote kukaisha. Jenereta ndiyo iliyokuwa inavujisha kelele hadi ndani ya chaneli niliyokuwa naipima. Kelele ya asili ya joto ni kama −174 dBm kwa kila hezi. Kifaa kinachotoa −15 dBm, chenye kelele iliyo desibeli 145 chini ya wimbi lake kwa kila hezi, kinamwaga −160, yaani desibeli 14 juu ya ile ya asili. Kipokezi kilikuwa hakina kosa. Na jenereta ile ilikuwa na gigahezi za kutosha kabisa.

Usafi wa mawimbi ndio swali la kwanza, basi. Wi-Fi 7 inalithibitisha kwa upande mwingine: ili kisambazi kitumie 4096-QAM, mtindo wa kubeba data kwa alama 4096 tofauti zilizosongamana, kosa la umbo la mawimbi yake lisizidi desibeli −38. Jenereta inayokaribia hapo yenyewe itampima nani?

Kuhusu viwanda vya simu sina mengi. Huko kazi kubwa imechukuliwa na vipimaji vinavyotuma na kupokea ndani ya kisanduku kimoja, kwa sababu kila sekunde ina gharama. Mahitaji ya jenereta inayojitegemea yamebaki kwa wabunifu wa vipokezi na maabara za uthibitisho, yaani watu wanaohitaji mbili au tatu kwa pamoja: moja ya mawimbi halali, nyingine za bughudha.

Kinachoniudhi zaidi ni leseni. Unanunua kisanduku chenye uwezo wa upana mkubwa, unakuta umefungwa kwa programu; kufungua ni malipo mengine, na mawimbi ya 5G tayari kwa majaribio ni malipo mengine tena. Anayelinganisha bei ya kisanduku kitupu hajalinganisha chochote.

Jaribio lile la bughudha ya nje ya bendi linaanzia megahezi 1 hadi gigahezi 12.75, na mgeni wake ni wimbi tupu, halina data wala umbo la ajabu. Tunayo jenereta moja kuukuu ya analogi, vitufe vimefutika maandishi, haijui 5G ni kitu gani. Kelele yake ni ndogo mno. Kuitumia lazima ujiandikishe kwenye daftari, na wiki hii imeshajaa.