Nani Anachekwa kwenye Ngazi 133?

Kila nikiitaja The Music Box, filamu fupi ya wachekeshaji wa Hollywood Laurel na Hardy, mbele ya watu wanaojua filamu, hakosi mmoja wa kusema: inavunja mbavu, lakini inawadhalilisha wafanyakazi. Wachukuzi wawili, mmoja mnene mwenye madaha (Hardy), mwingine mwembamba wa kujikuna kichwa (Laurel), wametumwa kupeleka piano nyumbani kwa mteja, juu ya ngazi ndefu, na kwa karibu nusu saa wanaonekana hawajui hata pa kuishika. Mwenye hoja hiyo hukumbusha na mwaka: 1932. Marekani imezama kwenye mdororo mkuu wa uchumi, mamilioni ya watu hawana kazi, na Hollywood inatoa kichekesho cha wanaume wasioiweza kazi waliyoipata. Oscar nayo ikaenda huko huko, ya kwanza kabisa kwa filamu fupi ya vichekesho.

Si hoja ya kupuuza. Hawa hawakuzidiwa na mzigo tu, wana ujinga wa kweli. Wakishafika juu roho mkononi, mpeleka barua anawaambia kumbe kuna barabara inayozunguka kilima na kufika pale pale. Nao? Wanaiteremsha piano ngazi zote, wanaipakia tena kwenye gari la farasi, kisha wanazunguka. Tajiri asiyetaka kupandisha mishahara hatahitaji ushahidi mwingine. Tena yupo yaya anayepigwa teke kwa kosa la kuwacheka. Mimi pale sicheki.

Ila ngazi zenyewe ndizo zinazonifanya nisikubaliane nao. Zipo mpaka leo, eneo la Silver Lake, Los Angeles, zikipanda kutoka Vendome Street: 133. Mwongozaji, James Parrott, angeweza kutuonyesha kumi za mwanzo kisha akatuhamishia mlangoni, na wala tusingelalamika. Hakutuonea huruma. Sanduku lenye piano linapanda kidato kimoja, nyuzi za ndani zinalia. Kidato kingine, zinalia tena. Mkono unateleza, na mzigo wote unaporomoka hadi barabarani ukipiga kelele njia nzima. Wanaanza upya. Ukiwa umekaa kwenye kiti unaanza kuhesabu vidato bila kutaka, na hapo kiuno chako kinaingia kwenye filamu.

Kuhusu sauti hiyo, kuna jambo wanaoilaumu filamu hawalitaji. Mwaka 1927, zama za filamu bubu, wawili hawa walishawahi kupanda ngazi hizi hizi katika Hats Off, wakibeba mashine ya kufulia. Filamu hiyo imepotea, hakuna nakala inayojulikana. Miaka mitano baadaye sauti imeshaingia kwenye sinema, kichekesho kinarudiwa, na safari hii kinachobebwa ni kitu kinacholia kila kinapogongwa. Mtu anayetaka kuwacheka wachukuzi tu hana haja ya kuusikilizisha uzito wao namna hiyo.

Wahenga walisema mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi. Niliwahi kukaa ghorofa ya nne, vijana watatu wakanipandishia friji, nami nilikuwa juu nawaelekeza, “Kushoto kidogo! Kushoto!” kama vile nimebeba chochote. Huyo ndiye Profesa von Schwarzenhoffen, anayechezwa na Billy Gilbert. Anawakuta ngazini na piano mgongoni, anadai wampishe. Hardy anamshauri azunguke. Profesa anawaka: yeye, mwenye digrii za kujaza mstari mzima nyuma ya jina, azunguke! Mwisho wake kofia yake inaporomoka hadi chini na kusagwa na gari.

Wale wawili hawakuzunguka kwa sababu hawakujua kuna barabara. Huyu ameambiwa azunguke, hana mzigo wowote, na hataki. Sijui kwa nini ujinga unaandikwa kwenye jina la wale wawili peke yao.

Wala si vibarua wa kuajiriwa. Maandishi ya mwanzo yanasema wameingia kwenye biashara na mtaji wa dola 3.80. Kwa mtaji huo hakuna bosi wa kumlaumu wala mtu wa tatu wa kusaidia, kuna farasi tu, naye anasogea mbele sekunde ile ile piano inapotakiwa kutua taratibu mgongoni mwa Hardy. Ndiyo maana hata kule kuiteremsha piano sikuoni kama upumbavu mtupu. Mchukuzi mvivu angeuacha mzigo pale juu na kudai hela yake.

Profesa, anayezichukia piano, anaikuta sebuleni kwake na kuchukua shoka, bila kujua ni zawadi ambayo mkewe amemnunulia. Anaanza kuikatakata. Ni piano ya kujipiga yenyewe, na katikati ya mapigo inaanza wimbo wa taifa wa Marekani. Shoka linasimama. Msomi na wachukuzi wake wanasimama wima, wanapiga saluti, hakuna anayecheka. Kisha shoka linaendelea, na wale waliolibeba lile dude ngazi 133 wanatazama vipande vikiruka.