Jina la Mti Likimtukana Mtu

Julai 2024, wataalamu wa mimea waliokutana Madrid, Hispania, walipiga kura ya siri juu ya herufi moja. Kura 351 zilitaka iondolewe, 205 zikataka ibaki. Herufi hiyo ni c, ile inayoanza neno caffra, ambalo pamoja na ndugu zake limo katika majina ya kisayansi ya mimea, kuvu na mwani zaidi ya 200. Sasa litaandikwa affra, yaani "ya Afrika".

Msomaji wa Kiswahili hahitaji kamusi kulitambua. Ni kafiri letu lile lile. Wafanyabiashara wa Kiarabu waliwaita hivyo Waafrika wasio Waislamu, Wareno wakalidaka, Waholanzi na Waingereza wakalirithi, na lilipozama Afrika Kusini likageuka tusi la kumwita mtu mweusi, tusi ambalo leo linaweza kumpeleka mtemaji wake jela. Wanasayansi wa karne ya 18 na 19 walilichukua kama jina la eneo tu, kusini-mashariki mwa bara. Ndivyo mng'ongo wetu, ambao wenzetu wa kusini wanauita marula, ulivyobandikwa caffra, na ndivyo ilivyokuwa kwa ule mti wenye miiba mirefu unaopandwa kama uzio huko Kenya na kuitwa kayaba.

Waliopinga si watu wa kubezwa. Kwao jina la kisayansi ni anwani. Mwafaka wao ni kwamba, kwa kuhesabu tangu mtaalamu wa Uswidi, Linnaeus, alipochapisha orodha yake ya mimea mwaka 1753, jina lililotangulia kuchapishwa kwa kufuata kanuni ndilo linalodumu, hata likisema uongo. Kuna ua linaloitwa Scilla peruviana ambalo halina undugu na Peru. Kwao ni Hispania, Ureno na jirani zake. Hakuna aliyelisahihisha, kwa sababu kazi ya jina hilo ni kumwezesha mfamasia wa Nairobi na mtunza mbegu wa Tokyo wajue kwamba wanazungumzia kitu kimoja. Ukifungua mlango kwa neno moja baya, wanauliza, utaufunga wapi?

Hoja hii sisi tunaielewa vizuri kuliko tunavyokiri, maana bustani yetu imejaa uongo wa namna hiyo. Mahindi yanatajwa kana kwamba ni ya India, na yalitoka Amerika. Mmea wake ni muhindi, ukiwa mingi ni mihindi; badili kiambishi upate Wahindi, ambao nafaka hiyo haikuanzia kwao. Pilipili manga nayo inatajwa kwa Manga, yaani Uarabuni, ilhali mmea wake asili yake ni India! Inaelekea wazee wa pwani walitaja vitu kwa jahazi vilivyoshuka nalo au kwa mgeni aliyevileta, wala hawakuulizia udongo. Mwarobaini nao umeahidi kutibu maradhi arobaini, na sijaona mtu akiyahesabu. Kuyasahihisha majina haya kungekuwa kufuta historia ya biashara yetu wenyewe kwa sababu ya usafi usiomfaa mtu.

Hata majina ya watu yana tabia hiyo. Wapo kina Mashaka, Shida, Tabu na Sikujua, kama walivyo kina Asumini, Waridi na Zaituni waliopewa majina ya mimea. Aliyempa mtoto jina la Tabu alikuwa anaeleza siku ile, pengine uzazi mgumu au msiba ndani ya nyumba. Baada ya miaka mitano jina limekwisha maana. Linaitwa uani na mwenyewe anaitika huku anacheka. Akilichoka, atakula kiapo na kulibadili. Lina mwenyewe.

Hapo ndipo ninapoachana na wale 205. Mti hausikii jina lake, lakini mwanafunzi wa botania kule Afrika Kusini analisikia, na analazimika kulitamka na kuliandika kwenye mtihani. Scilla peruviana inakosea ramani. Caffra ilikuwa ikimwambia mtu kwamba yeye ni nani, bila yeye kuulizwa, na hakuna kiapo ambacho angekula kuiondoa. Waliopeleka hoja, Gideon Smith na Estrela Figueiredo wa Chuo Kikuu cha Nelson Mandela, walikuwa na busara ya kuomba kidogo: herufi moja, ili hata anwani isipotee. (Na sisi wa pwani tusijifanye tulikuwa watazamaji. Neno hilo tulikuwa nalo, na tukaliongezea mshenzi letu la kumwita mtu wa bara.)

Lakini kusafisha kila jina la mkoloni sikubaliani nako. Ua dogo la zambarau la milima ya Usambara liliitwa Saintpaulia mwaka 1893, kwa heshima ya Walter von Saint Paul-Illaire, ofisa wa Kijerumani aliyekuwa Tanga, na baba yake aliyepelekewa mimea hiyo Ujerumani. Linaudhi kidogo: ofisa anapita, ua linakuwa lake. Ila halimtukani Msambaa. Na sayansi yenyewe imeshamwondoa bila kura: uchunguzi wa vinasaba ulionyesha kwamba maua hayo ni sehemu ya jenasi (kundi la mimea yenye undugu wa karibu) ya Streptocarpus, na mwaka 2015 yakahamishiwa huko. Yaliyobaki kwenye orodha ni majina kama shumensis na teitensis, ya Shume na ya Taita.

Kigumu zaidi ni Hibbertia, maua ya Australia yaliyopewa jina la George Hibbert, Mwingereza aliyetajirika kwa utumwa na kupigania usikomeshwe. Madrid hawakuligusa. Walikubali tu kwamba majina mapya yatakayochapishwa kuanzia 2026 yaweze kukataliwa yakidhalilisha kundi la watu. Hibbert hatukani mtu kwa jina lake. Anaheshimiwa tu, kila majira ya machipuko, kwa maua ya manjano.