Haleluya Iliyobaki Kifuani

Mwalimu wa kwaya alipotangaza kwamba mkesha wa Krismasi tutaimba Haleluya ya Handel, na runinga itaturusha mubashara, mazoezi yalijaa hadi watu tuliodhani wameshahama ushirika.

Kusema kweli, wimbo wenyewe si wa Krismasi. Handel aliutunga London mwaka 1741, ukasikika mara ya kwanza Dublin Aprili 1742, na katika oratorio ya Masihi, yaani utungo mrefu wa nyimbo za kidini, unakuja baada ya mateso na ufufuko. Lakini nenda kamwambie hivyo mwalimu ambaye ameshashonesha sare.

Hatari yake iko mwishoni. Zinapigwa Haleluya nne za kasi, halafu wote kimya: kwaya, kinanda, tarumbeta. Ndipo inakuja ile ya mwisho, ya polepole. Kwa hiyo tulifundishwa kunyamaza kuliko kuimba. Mama mmoja wa sauti ya kwanza, mwenye historia ya kuwahi, akapangiwa jirani wa kumfinya.

Siku ilipofika tulinyamaza vizuri ajabu. Mwalimu mikono juu, sisi midomo wazi, pumzi tele.

"Makofiii kwa kwayaaa!"

Mshereheshaji. Hakukanyaga zoezi hata moja. Kanisa likalipuka vigelegele, na fundi mitambo akawapeleka watazamaji kwenye tangazo la sabuni ya unga. Mwalimu bado mikono juu. Mama wa watu akafinywa bure.

Sijavua hata joho, simu ikaita. Bibi, kutoka Moshi. Nilikuwa nimemweleza kuwa Waingereza husimama Haleluya hii ikiimbwa, eti alianza Mfalme George wa Pili.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba. Mmeishia hapo? Nimesimama toka mwanzo, magoti yanawaka, mara naona mapovu!"

"Kaa tu, bibi."

"Sikai. Huo wimbo haujaisha." Aliimba sauti ya pili miaka mingi, huwezi kumdanganya. "Malizia."

Nikazunguka nyuma ya kanisa, nikaimba besi peke yangu kwenye simu: Haaa-leee-luuu-yaaa. Fundi mitambo aliyekuwa akikunja nyaya akaacha kukunja, akanitazama.

Bibi alikaa kimya kidogo.

"Kumbe afadhali ile sabuni."