Maswali ya mbalamwezi

Kicheni pati za hapa Mwanza zimejaa mafunzo ya kumhudumia mume: maji ya kuoga, chakula, kitanda. Sisi wanaume, wazee hutuita pembeni wakatuambia tutunze familia, basi. Sijasikia somo la namna ya kumwambia mwenzio "nimeelemewa" bila kujiona umekuwa kituko. Na kwa maoni yangu ndoa nyingi zinashinda njaa hapo hapo, chungu kikiwa jikoni.

Nijitolee mfano mwenyewe. Miaka michache iliyopita kazi zangu za useremala kule Igoma zilikauka. Mke wangu akaingia kwenye dagaa pale Mwaloni, Kirumba, na kodi ya nyumba ikawa inatoka kwake. Hela alikuwa ananitilia kimya kimya kwenye mfuko wa shati, ili mwenye nyumba akija nimkabidhi mimi. Leo naiona heshima ile. Wakati ule niliona ananidhihaki. Hata Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inampa mume wajibu wa kumtunza mke. Mke anaubeba mume akiwa hajiwezi kwa maradhi ya mwili au akili. Mimi sikuwa mgonjwa. Nilikuwa nimekaa tu kwenye benchi, randa ikishika vumbi.

Nilichotaka ni aniambie bado nina maana pale nyumbani. Sikumwomba. Nikawa namhoji kipolisi: umechelewa wapi, nani kakupigia, mbona simu umeilaza kifudifudi? Kila jibu lilinituliza dakika tano. Ukishajiona si kitu, sifa unaziona dhihaka na ukimya unauona usaliti.

Kisha mbalamwezi ikawaka. Wa ziwani tunajua: dagaa huvuliwa kwa taa, usiku wa giza, mwezi ukiwa mpevu mitumbwi mingi inalala ufukweni. Mke wangu akatoka alfajiri vilevile. Nikajiuliza, dagaa gani hao wa mbalamwezi? Nikapanda daladala nikamfuata.

Nilimkuta ameinama kwenye turubai na akina mama wengine, anachambua mzigo wa tajiri kwa ujira, vidole vinang'aa magamba. Kwangu alijiita mfanyabiashara, na siku za giza ni kweli aliuza. Mwezi ukiwaka alikuwa kibarua, akaona aibu kuniambia. Yaani tulifichana unyonge, halafu kila mmoja anashangaa mbona mwenzie hamfariji.

Mwaka 1985 wanasaikolojia Rempel, Holmes na Zanna waliigawa imani ya wapenzi sehemu tatu: kumzoea mtu hata ukajua atafanya nini, kumwona wa kutegemewa, na kuamini kwamba kesho pia atakujali, ingawa ya kesho hayana ushahidi. Mimi niling'ang'ania ya kwanza. Simu ya mkeo hata uipekue usiku kucha, itakuonyesha ya jana tu. (Wapo wanaodanganywa kweli, sibishi. Hao nao wanahitaji kuuliza waziwazi, si kunyemelea kama mimi.)

Siku ile sikumsogelea. Nilirudi nyumbani, nikabandika maji ya kuoga. Alipoingia jioni nikamwambia, "Mama watoto, leo nilifika Mwaloni."

Akavua kilemba taratibu. "Uliniona?"

"Nilikuona."

Akavuta kigoda, akakaa. "Basi nipe maji ya kunywa kwanza, baba watoto. Mgongo unaniuma."