Senti 22 za Mississippi: sheria ya misaada ya 1996 ilibadilisha nini hasa Marekani

Tarehe 22 Agosti 1996 Rais Bill Clinton alitia saini sheria iliyofuta AFDC, mpango wa kuwapa fedha taslimu akina mama maskini wenye watoto ambao mizizi yake ni ya mwaka 1935, na mahali pake ukawekwa mwingine uitwao TANF. Tangu hapo ubishi umeganda kwenye swali moja: mama anayelea watoto peke yake alazimishwe kufanya kazi ndipo asaidiwe, au la? Swali ni zito, lakini limefunika jambo jingine. Masharti ya kazi ndiyo yaliyopigiwa kelele bungeni na magazetini, ilhali kilichowaumiza maskini wa chini kabisa kilikuwa kwenye vifungu vya fedha: serikali kuu inalipa kiasi gani familia moja inapoongezeka kwenye orodha ya wanaopewa msaada, na jimbo linabaki na kiasi gani familia moja inapotolewa.

Tuanze na upande wa waliounga mkono, maana hoja yao si ya kubeza. Mpango wa zamani ulikuwa umeoza, na aliyeuonja uozo huo kwanza ni mama mwenyewe. Chukua New York, ambako katikati ya miaka ya 1990 familia ya watu watatu ilipewa hadi dola 577 kwa mwezi. Kwa kanuni za serikali kuu, kabla majimbo hayajaruhusiwa kujaribu njia zao, mama aliyepata kazi alipewa nafuu kidogo mwaka wa kwanza. Baada ya hapo alisamehewa dola 90 tu za mshahara, pamoja na gharama za kulelewa watoto hadi kiwango fulani. Kila dola iliyozidi ilikatwa kwenye msaada, dola kwa dola.

Tumfikirie mama anayewaacha watoto kwa bibi yao na kupata mshahara wa dola 600 kwa mwezi. Msaada wake unapungua kwa dola 510. Makato ya hifadhi ya jamii, asilimia 7.65, yanachukua dola 46 hivi. Zimebaki 44. Nauli ya treni au basi ya jiji ilikuwa dola 1.50 kila safari, kwa hiyo kwenda na kurudi siku 22 ni dola 66. Amefanya kazi mwezi mzima na yuko chini kwa dola 22, hajanunua hata soksi za kwendea kazini. Walioita huu uvivu hawakuwahi kukaa na kalamu. Mama alikuwa amepiga hesabu, na hesabu yake ilikuwa sahihi.

Kwa hiyo waliosema mpango huo uliwafungia watu ndani walikuwa na haki. Tena yaliyofuata yalionekana kuwathibitishia. Mwaka 1994 familia zilizokuwa kwenye orodha zilifika milioni 5, idadi ambayo haikuwahi kufikiwa kabla. Mwaka 2000 zilikuwa milioni 2.2 hivi. Ajira ya akina mama ambao hawajawahi kuolewa ilipanda kutoka asilimia 44 hivi mwaka 1993 hadi karibu 66 mwaka 2000, mruko ambao ni nadra kuonekana katika soko la kazi lolote. Umaskini wa watoto ulishuka kutoka asilimia 20.5 mwaka 1996 hadi 16.2 mwaka 2000, na kwa watoto weusi kutoka karibu 40 hadi 31 hivi.

Wapinzani walikuwa wametabiri kinyume. Seneta Daniel Patrick Moynihan wa New York alionya kwamba watoto watalala mitaani. Urban Institute, taasisi ya utafiti, ilikadiria watoto milioni 1.1 wataongezeka kwenye umaskini. Maofisa wakubwa wa wizara husika, akiwamo Peter Edelman, walijiuzulu. Miaka minne baadaye utabiri wao ulikuwa kichekesho, na mpaka leo ukitaja upinzani wa 1996 utajibiwa kwa takwimu za 2000.

Ila zitazame tarehe. Orodha ilianza kushuka mwaka 1994, miaka miwili kabla ya saini, na siku ya saini ilikuwa imekwisha shuka hadi familia milioni 4.4 hivi. Nini kilitokea? Mwaka 1993 Bunge lilikuza nafuu ya kodi ya EITC, ambayo humrudishia fedha mfanyakazi wa kipato kidogo hata kama hakudaiwa kodi ya mapato. Ilipotimia mwaka 1996, mama mwenye watoto wawili alipata senti 40 juu ya kila dola ya mshahara, hadi dola 3,556 kwa mwaka. Mrudie mama wetu wa New York: mshahara wake wa mwaka ni dola 7,200, na nafuu hiyo inampa dola 2,880, sawa na 240 kwa mwezi. Hasara ya dola 22 imegeuka faida ya 218. Hakuna karani aliyemtisha wala saa iliyohesabiwa. Kazi ilianza kulipa, basi.

Kasoro ya EITC ni kwamba haiji kila mwezi; huja kwa mkupuo baada ya kujaza fomu za kodi mwanzoni mwa mwaka, na kodi ya nyumba haingoji Februari. Na wapo wachumi wanaosema mchango wake umetiwa chumvi, kwamba uchumi uliokuwa ukikimbia ndio uliobeba mzigo mkubwa. Ukosefu wa ajira mwaka 2000 ulikuwa asilimia 4, na kima cha chini cha mshahara kilikuwa kimepanda kutoka dola 4.25 hadi 5.15 kwa saa. Ukiwafuata hao, sifa za sheria ya 1996 hazirudi. Zinagawanywa upya kati ya soko na nafuu ya kodi, na sheria inapata fungu lililobaki.

Sasa kwenye fedha. Chini ya AFDC serikali kuu ilichangia kila dola jimbo lilipotoa msaada, bila kikomo. New York ilirudishiwa senti 50 kwa kila dola. Mississippi, jimbo maskini, ilirudishiwa karibu senti 78. Maana yake, afisa wa Mississippi alipoifuta familia iliyokuwa ikipata dola 120 kwa mwezi (ndicho kilichokuwa kiwango cha juu huko kwa watu watatu), hazina ya jimbo iliokoa senti 22 za kila dola, yaani dola 26 na ushei. Fedha nyingine ilirudi Washington. Na mdororo wa uchumi ulipoongeza familia, jimbo lilibeba senti 22 tu za mzigo mpya.

TANF iliondoa mchango huo na kuweka fungu moja la dola bilioni 16.5 kwa mwaka kwa majimbo yote, lililogawanywa kwa kufuata matumizi ya kabla ya sheria. Familia zikiongezeka, fungu ni lile lile. Zikipungua, ni lile lile. Kuanzia siku hiyo dola 120 zilizokatwa kwa familia ya Mississippi zilibaki kwa jimbo zote, si 26. Faida ya kumfuta mama mmoja iliongezeka zaidi ya mara nne bila mtu yeyote kutangaza kwamba ameamua hivyo. Na gharama ya kumpokea mama mpya wakati viwanda vinafungwa ilipanda kwa kiasi hicho hicho.

Watetezi wana jibu, na kwa miaka ya mwanzo lilikuwa zuri: kwa kuwa fungu lilipangwa wakati orodha ni ndefu, orodha ilipofupika majimbo yalibaki na fedha nyingi kwa kila familia. Mwishoni mwa miaka ya 1990 mengi yalizipeleka kwenye malezi ya watoto wa mama wanaofanya kazi, jambo lililosaidia kweli. Lakini bilioni 16.5 haikufungwa kwenye mfumuko wa bei. Kufikia 2016 ilikuwa imepoteza karibu theluthi ya thamani yake. Tena mgao uliganda na dhuluma yake ya zamani: jimbo lililokuwa bahili kabla ya 1996 lilipewa kidogo milele. New York ilipata dola bilioni 2.4 hivi kwa mwaka, Mississippi karibu milioni 87. Hiyo ni mara 28, wakati watu wa New York hawakufika hata mara 7 ya wale wa Mississippi.

Hata masharti ya kazi, yale yaliyogombaniwa, yalikuwa na tundu. Sheria ilitaka asilimia 25 ya familia ziwe kwenye shughuli za kazi mwaka 1997, ikipanda hadi 50 mwaka 2002. Lakini kila asilimia moja ambayo orodha ya jimbo ilishuka kulinganisha na 1995 iliondoa asilimia moja kwenye lengo hilo. Jimbo lililopunguza orodha kwa nusu lilibaki na lengo la sifuri. Haikuulizwa familia ilitokaje: mama amepata kazi hospitalini, ama barua ya miadi ilikwenda kwenye anwani ya zamani akafutwa kwa kutofika, ama aliambiwa atafute kazi wiki kadhaa kwanza ndipo fomu yake ipokewe, akakata tamaa. Wote watatu walihesabiwa mafanikio. Mwaka wa msingi ulisogezwa hadi 2005 kwa sheria iliyosainiwa mwanzoni mwa 2006, lakini kufikia hapo mazoea yalikuwa yamekomaa ofisini.

Ndiyo maana kupungua kwa orodha, takwimu inayopendwa kuliko zote, haitoshi kama kipimo. Kipimo chenye maana ni kingine: katika kila familia 100 maskini zenye watoto, ngapi zinapata msaada huu? Mwaka 1996 zilikuwa 68. Mwaka 2020 zilikuwa 21. Laiti orodha ingeshuka kwa sababu umaskini umeshuka, uwiano huo ungebaki pale pale.

Jaribio lenyewe lilikuja Desemba 2007, uchumi ulipoanza kudorora. Ukosefu wa ajira ulifika asilimia 10 Oktoba 2009. Stempu za chakula, ambazo serikali kuu hulipia zote bila kikomo, zilipanda kutoka watu milioni 26 hivi mwaka 2007 hadi zaidi ya milioni 47 mwaka 2013. TANF iliongezeka kidogo tu, na katika baadhi ya majimbo orodha ilizidi kufupishwa. Watu walikuwa wale wale, uchumi ule ule. Tofauti ilikuwa jinsi fedha inavyoingia. Moynihan na wenzake walikosea mwaka, na walikosea vibaya. Kuhusu namna chombo kitakavyokwenda barabara ikiharibika, hawakukosea.

Kuna hoja ya upande huu wa wakosoaji wa sheria ambayo mimi siitegemei: ile ya familia zinazoishi kwa chini ya dola 2 kwa mtu kwa siku. Waliozihesabu walitumia mahojiano ya kaya, na wengine walipolinganisha na kumbukumbu za kodi na za misaada wakakuta nyingi zilikuwa na kipato ambacho hakikutajwa. Kesi haihitaji takwimu yenye mushkeli.

Sheria hiyo ina kifungu kingine ambacho Mwafrika Mashariki aliyeshinda bahati nasibu ya grini kadi hukutana nacho: aliyeingia kihalali baada ya siku ya saini anangoja miaka mitano kabla ya kustahili misaada hii ya serikali kuu. Wakimbizi, kama Wakongomani waliopelekwa kutoka makambini, sheria ya 1996 iliwaacha nje ya ngoja-ngoja hiyo. Majirani wawili wanaozungumza Kiswahili kwenye jengo moja wanaweza kupewa majibu tofauti kwenye dirisha moja, na wakadhani karani ana upendeleo.

Arizona inaonyesha mambo yalikofika. Sheria iliweka ukomo wa miezi 60 ya msaada kwa maisha yote, lakini jimbo linaweza kupunguza. Arizona ilishusha hadi 36 mwaka 2010, ikashusha hadi 24 mwaka uliofuata, na mwaka 2016 ikawa miezi 12. Fungu lake kutoka Washington halikupungua kwa sababu hiyo, na sehemu kubwa zaidi ya fedha hizo siku hizi inakwenda kwenye idara ya kuwalinda watoto: kuchunguza wazazi, na kuwalipia watoto walioondolewa nyumbani kwao.