Majarida ya yuri: nani hasa alipata hasara?

Yakitajwa majarida ya yuri, yaani manga (hadithi za picha za Kijapani) za wanawake wanaopendana, lawama moja haikosekani: soko lenyewe dogo, na bado wachapishaji wa Japani wakaligombania mpaka majarida yakafa moja baada ya jingine. Ushahidi upo. Yuri Shimai lilianza 2003, mwaka uliofuata likafa. Tsubomi lilidumu 2009 hadi 2012. Hirari, 2010 hadi 2014. Jarida likifungwa, mchoraji hukosa malipo ya kurasa zake na msomaji huachwa na hadithi iliyokatika njiani. Hilo si dogo.

Ila wanaohesabu makaburi hawahesabu warithi. Baada ya Yuri Shimai, kampuni ya Ichijinsha ilitoa Yuri Hime Julai 2005, na wachoraji kadhaa wakahamia huko. Mwaka 2007 ikaongeza jarida dogo, Yuri Hime S, lililowalenga wanaume. Likafungwa 2010. Kwa mhasibu, hasara tupu. Lakini humo ndimo mchoraji Namori alimoanzishia manga yake YuruYuri mwaka 2008: wasichana wa shule wanajitwalia chumba kilichoachwa na klabu ya chai, ruhusa hawana, wanashinda humo wakipiga soga na kutaniana. Jarida lilipovunjwa, hadithi ikahamia Yuri Hime. 2011 ikawa anime, yaani katuni ya televisheni, na misimu mingine ikafuata. Moja ya kazi zilizolitangaza sana jarida kubwa ilizaliwa katika lile dogo lililoitwa la hasara! Je, vichekesho vile vingepata nafasi kama jarida lile dogo lisingekuwapo? Nina shaka.

Tena milango ikiwa mingi, mazoea huvunjika. Mwaka 1971 Yamagishi Ryoko alipochora manga ya Shiroi Heya no Futari, kuhusu wasichana wawili wa bweni moja huko Ufaransa, mmoja wao aliishia kufa, na mkosi huo ukawaandama wapenzi wa namna hiyo kwa miaka. Mchoraji Morinaga Milk alipotaka wapenzi wa hadithi yake wamalize pamoja, mlango aliupata kwingine: manga yake Girl Friends ilitoka 2006 hadi 2010 katika Comic High!, ambalo wala si jarida la yuri.

Inabaki hoja ya malipo, na hapo wapinzani wa ushindani wana haki: anayeumia jarida likifa ni mchoraji, si kampuni. Ndiyo maana nalitazama kwa makini jarida la yuri la Galette, lililoanza 2017, ambako wachoraji wenyewe ndio wachapishaji.