Linyekula na fedha za Ulaya

Lawama inayomfuata Faustin Linyekula, mtunzi wa dansi wa Kisangani, ni kwamba anawachezea Wazungu vidonda vya Kongo kwa tiketi. Haikuzuka hewani. Dansi ya kisasa ya Afrika imelelewa kwa kiasi kikubwa na fedha za Ulaya, hasa Ufaransa, na mkono mtupu haulambwi. Mtazamaji wa Avignon, mji wa Ufaransa wenye tamasha kubwa la sanaa za jukwaani, anatoka ukumbini roho imemtulia, kana kwamba amesaidia, na Kisangani iko vilevile.

Wanaosema hivyo nawaelewa. Tatizo lao wanatazama jukwaa tu, na hata hilo wanalitazama nusu.

Mwaka 1923 Paris ilionyeshwa baleti kuhusu uumbaji wa dunia kwa hadithi za Kiafrika: muziki wa Darius Milhaud, mapambo ya Fernand Léger, na Mwafrika hata mmoja jukwaani hakuna. Mwaka 2012 Linyekula aliitwa na Ballet de Lorraine, kundi la baleti la Ufaransa. Aliiacha baleti ile ijengwe upya, ichezwe na mavazi yake mazito, kisha Mkongo mmoja akasimama katikati ya wachezaji wa Kizungu na kuihoji. Fedha ya Ufaransa ikaisuta Ufaransa nyumbani kwake. Kama huko ni kujipendekeza, basi ni kujipendekeza kwa aina yake.

Lakini siasa yake hasa naiona katika anwani. Mwaka 1997 alikuwa Nairobi, ambako yeye na Mkenya Opiyo Okach walikuwa miongoni mwa waanzilishi wa kundi la dansi la Gàara. Mwaka 2001 akafungua Studios Kabako, kituo chake cha dansi na sanaa, mjini Kinshasa. Jina lilipokwisha kukua Ulaya, kuanzia 2006 akahamishia kazi Kisangani. Kwa nini huko? Ni mji aliokulia, sawa. Ni mji pia ambao Juni 2000 majeshi ya Rwanda na Uganda, yaliyoingia Kongo yakiwa marafiki wao kwa wao, yaliupigania kwa siku 6 na kuumiminia makombora zaidi ya 6,000. Kwa wastani ni 1,000 kwa siku: moja karibu kila dakika moja na nusu, usiku na mchana, juu ya watu ambao ugomvi haukuwa wao. Nimeirudia hesabu hiyo mara kadhaa, na kila mara naishia kujiuliza ni nani angepeleka studio ya dansi mahali hapo. Aliyepeleka ndiye huyu anayeambiwa anacheza kwa ajili ya wageni.

Vijana wanajifunza humo dansi, muziki, tamthilia na video bila kulazimika kwanza kufika Kinshasa. Amefanya kazi pia Lubunga, wilaya ya mji iliyo ng'ambo ya mto, ambako suala la maji safi liliingia katika mipango ya studio pamoja na mazoezi. Mwanasiasa angeweka bango kubwa.

Hoja ya wapinzani inayobaki na uzito ni ya fedha, na hapo siwabishii. Sehemu kubwa ya kinachoiendesha Kabako hutoka kwenye ziara na ushirikiano wa nje. Tamasha tatu zikifuta mialiko msimu mmoja, pigo halitaishia Avignon. Litavuka mto kwa mtumbwi hadi Lubunga.